Mgeni wa kwenye friza

Hala, nimejifungia chooni. Usinipigie, watasikia!

Ile mifupa ya mtu wa kale tuliyoichimba kule Samad, Bibi kaikosha. KAIKOSHA! Na karafumaiti kaitia!

Friji ya ofisi iliharibika, nikaileta mifupa hapa nyumbani ikae kwenye barafu mpaka ikapimwe. Nikaandika kwenye mfuko: MGENI, ASIGUSWE. Mzaha wangu tu, wasije wakaipika supu.

Asubuhi Bibi kafungua friza kutoa pweza. "Mgeni gani huyu, Buthaina?" Nami mjinga nikamwambia ni maiti wa zamani.

"Nyumbani kwangu mgeni hulazwa na pweza?"

Nimekwenda sokoni, narudi nakuta sanda. Majirani wamejaa sebuleni na misahafu. Namwambia, Bibi, huyu kafa kabla ya Uislamu. Kanambia, "Ulimuuliza?"

ULIMUULIZA, Hala!

Sasa Nizar, mkuu wangu wa kazi, kaja kuchukua mfuko. Namsikia mlangoni. Bibi anamuuliza, "Wewe ndiye jamaa wa maiti?" Nizar hajui Kiswahili, Kiarabu tu, kaitikia, "Naam, naam."

Wanampa pole.

Hala, wananigongea. Bibi anasema nitoke upesi, jamaa wa maiti anataka kutawadha.