Niliitika kwa Jina Lako Oshima

Dada Mkamburi,

Barua hii nimeianza na kuichana, nikaianza tena, kwa sababu kila mara nilitangulia kukusimulia mlima ili nichelewe kufika kwenye aibu. Mlima nitakusimulia, najua unausubiri. Lakini acha kwanza niseme lile linaloniinamisha kichwa: kule Oshima waliniita kwa jina lako, kutwa nzima, na mimi nikaitika.

Safari ilikuwa yako. Miaka yote uliyowafundisha watoto wa Durban habari za volkano ulikuwa na picha ileile ya kitabuni, na ile chupa yako ya siki na magadi iliyokuwa ikifoka povu kama mlima na kuchafua meza ya kulia. Kwetu Taita tulikua tukiuona Kilimanjaro asubuhi kukikucha kweupe, nawe ukisema ule umelala, wewe unataka kuuona unaopumua. Ndipo ukapata habari za kisiwa hicho, kusini ya Tokyo, ambako mtu huenda kwa boti ya kasi asubuhi, akapanda hadi kwenye shimo la mlima pamoja na mwongozaji, na jioni akarudi mjini. Ukaandikisha jina lako na la Shemeji Eliudi. Ukamwandikia mwongozaji maswali kila wiki. Kisha ukaugua, na ugonjwa haukungoja likizo.

Tulipotoka kukuzika nyumbani, Shemeji alisema safari nayo ife. Mwanao Wakesho akakataa. Yeye mwenyewe asingeweza kwenda kwa sababu ya mitihani yake ya chuo. Akanifuata dukani kwangu Isipingo, akakaa juu ya boksi la sare za shule nilizokuwa sijazitia vifungo, akaniambia, "Mama mdogo, nenda na baba. Asiende peke yake." Nilimwambia mimi ni mshona nguo, milima ya moto siijui. Hakuondoka juu ya boksi. Nani anaweza kumnyima kitu mtoto aliyetoka kumzika mama yake?

Na nilikwenda na moyo safi, dada. Shemeji sikuwahi kumwona kama mwanamume. Nilimwona kama mume wako.

Gatini Tokyo alitupokea mwongozaji, mama mfupi mwenye koti jekundu na mvi chache, jina lake Harumi. Alipotuona Waafrika wawili kwenye umati ule alitabasamu uso mzima, akaja mbio, akanivika shingoni kadi ya jina kabla sijafungua mdomo. Akasema, "Mwalimu Mkamburi." Alilitamka vizuri, kama mtu aliyelifanyia mazoezi. Akaniambia kwamba ujumbe wako wote ameutunza, na kwamba katika wageni wake wote hakuna aliyewahi kumuuliza kama ndege huhama kabla mlima haujalipuka.

Nikamgeukia Shemeji aseme. Alikuwa ameniahidi kwamba atawaandikia wenye safari jina libadilishwe. Nilipomwona anatazama maji nikajua hakuandika. Huenda alikaa mbele ya simu akashindwa kulifuta jina lako. Nyuma yetu watu walikuwa wanasukumana, boti ilikuwa imeshaanza kuunguruma. Mama yule ananisubiri, macho yanamng'aa.

Nikasema, "Ndiyo, ni mimi."

Kwenye boti nilimnong'oneza Shemeji kwamba tukifika tumwambie. Akasema tukifika. Tulipofika, basi lilikuwa linangoja. Lilipotushusha njia ya kupandia, Harumi alikuwa anagawa kofia ngumu. Uongo ni kama pindo lililoshonwa kombo: usipolifumua mapema unaishia kulipiga pasi.

Sasa mlima. Ni mweusi. Si weusi wa makaa. Ni weusi wa kitu kilichowahi kutiririka kama uji kikagandia njiani, kina makunyanzi na ncha zinazokata viatu. Katikati ya weusi ule nyasi zimeanza kuota, ndogo ndogo. Mvuke hutoka kwenye nyufa, na ukikaribisha kiganja unasikia joto, kama pumzi ya ng'ombe. Nilipoisikia pumzi ile nilitaka kulia, kwa sababu kiganja kilikuwa changu, si chako.

Harumi alitusimulia alivyokuwa mtoto pale kisiwani mlima ulipopasuka, wakahamishwa watu wote kwa meli, na bibi yake akakataa kupanda bila mtungi wake wa achari. Akatuonyesha hekalu dogo njiani ambalo moto ulishuka moja kwa moja mpaka pale, ukagawanyika, ukalizunguka, ukaliacha. Kisha akawaambia wageni wengine tuliopanda nao, wazee kutoka nchi mbalimbali, kwamba leo tuna bahati, tunaye mwalimu wa volkano kutoka Afrika. Akaniomba niwaeleze kwa nini mawe ya upande huu yana matundu kama mkate.

Dada, nilitamani ule mlima ufunguke unimeze. Nikakumbuka unamfundisha Wakesho pale mezani, mimi nikiwa jikoni naosha vyombo. Nikasema kwa Kiingereza changu hiki cha dukani kwamba moto ulikuwa na hewa ndani, ukapoa kabla hewa haijamaliza kutoka. Harumi akaitikia kwa kichwa kwa furaha, na wale wazee wakapiga makofi. Nilipigiwa makofi yako. Shemeji hakupiga. Alikuwa ameangalia viatu vyake.

Tulipofika juu, kwenye ukingo wa lile shimo, ukungu ukashuka. Unashuka ghafla kule, kama mtu anayefunga pazia. Nilikuwa nimebaki nyuma nafunga kamba ya kiatu. Nilipoinua kichwa sikumwona mtu, wala njia, na shimo nililoliona punde tu sikujua tena liko upande gani. Nikasimama palepale.

Ndipo nikamsikia Shemeji anaita, "Mkamburi. Mkamburi."

Hakuita Mshai. Hakuita shemeji. Na mimi ningeweza kusema ni mimi Mshai, niko hapa. Badala yake nikaitika, "Abee," kama ulivyokuwa unaitika wewe, kwa ile sauti yako ya kuvuta mwisho. Sijui ilitoka wapi. Alitokea kwenye ukungu, akanishika mkono, tukatembea hivyo mpaka kwenye vile vibanda vya zege walivyojenga watu wajifiche mlima ukirusha mawe. Tulipokuwa tumeshafika salama ndani ya kibanda, mkono wake ulikuwa bado umeshika wangu, na sikuuondoa.

Ningekuambia ni woga ungenisamehe haraka. Haukuwa woga. Nilifurahi. Mimi niliyezoea kula peke yangu, kufunga mlango peke yangu, nilifurahi kuitwa na kutafutwa, na kadi yenye jina lako ikinining'inia kifuani. Hiyo ndiyo aibu yangu. Ile ya uongo ni ndogo.

Harumi alitumiminia chai ya kwenye chupa. Kisha akatoa begini ramani ya kisiwa aliyoichora mwenyewe kwa rangi, kwa ajili ya wanafunzi wako. Alikuwa ametia alama kila mahali ndege wanapotaga, na pembeni kaandika jibu la swali lako: kwamba mwaka ule mlima ulipolipuka yeye alikuwa mdogo, hakuwaangalia ndege, na tangu umuulize anawaangalia. Niliipokea kwa mikono miwili. Nikashukuru. Hata hapo sikusema.

Tuliporudi Durban, Shemeji alinishukuru uwanja wa ndege kwa sauti ya chini, kila mtu akashika njia yake. Nikaacha kwenda kwenu Umbilo siku za Jumapili. Niliwaambia shule zinafunguliwa, sare ni nyingi. Ramani niliiweka chini ya vitambaa. Mama Nsimba, yule Mkongo ninayegawana naye duka, akaanza kunichungulia. "Tangu utoke Japon uko unanyamaza tu," akaniambia. "Iko nini?" Nikamdokezea kidogo, bila ya kusema yote. Akacheka, akasema, "Mwanaume iko peke yake, na wewe uko peke yako. Problème iko wapi?" Nilimkaripia. Lakini neno lake nilikwenda nalo nyumbani, nikapika nalo, nikalala nalo, na lilikuwa tamu.

Siku moja Shemeji akaja nyumbani kwangu Greyville, karibu na uwanja wa farasi. Ilikuwa siku ya mashindano ya farasi, akaegesha gari mbali akaja kwa miguu, amelowa jasho. Nilimkaribisha, hakukaa. Alisimama mlangoni, akaniambia, "Mshai, kule kwenye ukungu niliita jina la dada yako kwa mazoea. Lakini mkono nilioushika niliujua ni wa nani."

Akanisubiri. Sitakuficha, dada. Nilitaka kumwambia aingie. Kila kiungo changu kilitaka. Nikamwona Wakesho amekaa juu ya lile boksi, nikasema, "Naomba uendelee kuniita shemeji." Akaitikia kwa kichwa, akashuka ngazi. Katikati nilisikia hatua zake zimesimama. Kisha zikaendelea.

Nilidhani yameishia hapo. Lakini Wakesho akaja dukani kuuliza kuna nini, baba hali vizuri, na mimi sionekani. Alifikiri tumegombana kuhusu wewe. Mama Nsimba akajipa kazi ya kwenda kununua uzi. Nikamweleza mwanao yote: kadi, makofi, ukungu, mkono, na kwamba nilifurahi. Hilo la kufurahi ningeweza kuliacha. Sikuliacha. Nikaitoa ramani nikampa.

Aliikunjua. Alipita na kidole juu ya wale ndege, mmoja mmoja. Kisha akasema, taratibu kabisa, "Nilikuomba baba asiende peke yake. Sikukuomba uwe mama."

Alikunja ramani, akaelekea renki, kituo cha teksi, bila kuaga.

Nikamwandikia Harumi. Nilimwambia mwalimu Mkamburi alifariki, amezikwa Taita, na aliyekunywa chai yake ni mdogo wake, mshona nguo, na kwamba anisamehe. Hajajibu. Huenda hatajibu, nami sina haki ya kumhimiza.

Zikapita wiki nikishona tu. Kisha Wakesho akanipigia simu. Alisema ameipeleka ramani shuleni kwako, imebandikwa ukutani darasani, na watoto wanabishana kuhusu ndege. "Njoo Jumapili, mama mdogo," akasema. "Lakini usikae kiti cha mama."

Nilikwenda jana. Kiti chako kiko palepale, na ile kanga yako imetundikwa mgongoni mwake. Nilikaa kwenye kigoda karibu na mlango wa jikoni, sahani magotini. Shemeji akaomba baraka, sauti ikakatika katikati, Wakesho akaimalizia. Baadaye baba yake akaniuliza, "Shemeji, nikuongeze maharage?" Nikasema asante, yametosha. Wakesho alimtazama baba yake, akanitazama na mimi. Kisha akachukua upawa akaniongeza maharage yeye mwenyewe, mengi, kama unavyomwekea mtu ambaye bado hujamsamehe lakini hutaki alale na njaa.

Dada, nisikudanganye tena kwa kukuahidi nisichokiweza. Moyo siwezi kuutolea ahadi. Nikiwa naosha vyombo jana niliisikia sauti ya Shemeji sebuleni, na moyo ulishtuka kama kawaida yake. Ninachokuahidi ni hiki tu: mwanao hatakosa wa kumpikia, na kila nitakapoingia nyumba ile nitaingia kwa jina nililopewa na mama, nikae pale nitakapoonyeshwa na Wakesho.

Pumzika, dada yangu. Mlima unapumua. Ulisema kweli.

Mdogo wako,
Mshai