Siku Tatu za Gdańsk

Jumapili, Septemba

"Mtu hasafiri bila msiba wala mgonjwa." Ndivyo alivyosema kaka leo, hapa kwangu Kawajense, huku anakula wali wangu. Upuuzi! Kila mwezi yuko Ikola, kule ziwani, anakula samaki wa migebuka. Huko kamzika nani? Kamuuguza nani?

Nilimwonyesha picha za Neema, binti yangu anayesoma ng'ambo, Gdańsk: bandari ya kale iliyobomolewa na vita, wenyewe wakaijenga tena kama ilivyokuwa. Anataka tuizunguke siku tatu mwezi wa kumi, kabla ya theluji. Mwaka wa nne huu sijamwona.

"Dada, nyumba za watu ukizitazama unapata nini?"

Kisha akatangaza kikao cha mahari ya mwanawe, wiki hiyohiyo ya safari, na bila mimi shangazi hakianzi. Mwaka mzima yeye na baba zetu wadogo wananiita mwanamke mwenye domo. Ikifika mahari, ghafla mimi ni nguzo ya ukoo!

Naogopa baridi, kweli. Naogopa zaidi kumkuta Neema amekuwa mgeni kwangu.

Koti la mtumba nimeshanunua. Kwa hiyo kaka, na nyie baba wadogo mnaomwitikia: sogezeni kikao.