Mlango wa Ubavuni

Jumapili, 9/6/2024
Nimeshinda! Kamati ya kanisa imekubali: ule mlango mdogo wa ubavuni unazibwa, vijana waweke skrini yao ya nyimbo hapo. Miaka yote hii nauchukia. Wazungu wa mashamba ya chai walijijengea kanisa la mawe kama la kwao — mnara, vioo vya rangi, mlango mkubwa wa mbele. Mawe yalitolewa mtoni na watu wetu, kwa mgongo. Halafu hao waliobeba wakatobolewa kamlango kafupi pembeni, waingie wameinama, wakae nyuma! Mwenyekiti Robert ati hiyo ni historia, tuiache. Historia gani ya kugonga watu kichwa? Wakacheka, wakanipigia kura.

Alhamisi, 13/6
Mvua ya mawe. Chai yote imechanika. Nimemwambia Mama habari ya mlango, nikidhani atafurahi. Akaendelea kupukuchua mahindi. Baadaye akasema tu nimpeleke kanisani Jumamosi. Mama! Mwaka mzima miguu imemkataza.

Jumamosi, 15/6
Nilikodi gari mpaka mlango mkubwa. Nilitaka apite hapo kichwa juu, angalau mara moja kabla Mungu hajamchukua. Akakataa katakata. Akazunguka na mkongojo wake, pole pole, hadi pembeni. Fundi Aron alikuwa ameshakoroga saruji. Mama akamwambia asogee.

Ndiyo nikaelezwa leo, na umri huu! Kila Jumapili Baba alikuwa anamngoja hapo, anaweka kiganja chini ya jiwe la juu, Mama asijigonge. Hata kabla hajamwoa. Hata akiwa na mimba yangu. Nikamuuliza, na ile dharau ya Wazungu je? "Hao Wazungu wako mimi sikuwaona. Nilikuwa naangalia mkono wake."

Baba alikufa nikiwa na miaka miwili. Sina picha yake. Sauti yake siijui. Aki natamani hata angenigombeza mara moja tu!

Mama akainua kiganja, akakiweka pale juu. "Chepkirui, pita." Mimi niliyeapa sitaingia hapo! Nikainama. Mkono wake ukagusa nywele zangu, nikalia kama mtoto.

Sasa yeye ameketi ndani, hataki kutoka. Naandika nikiwa kwenye kizingiti. Aron anauliza: azibe ama aende nyumbani? Saruji inakauka. Nimemwambia angoje kidogo — siwezi kuinuka hapa.