Mzee wa Brazili Tuliyemwamkia

Mjukuu wangu Teresia,

Huku tu wazima, na mama yako amemaliza kuvuna ulezi. Unaniuliza kama uache kuigiza, maana kila filamu unapewa kubeba chai tu.

Nilipokuwa msichana tulijazana kwenye kibanda cha video hapa Sumbawanga kutazama filamu za Brazili. Mzee mmoja hakukosekana: leo mlinzi, kesho dereva. Jina lake hatukulijua. Akitokea tu, kibanda kizima kilipaza sauti, "Shikamoo, mzee!" Mtafsiri, aliyekaa kando ya televisheni akitugeuzia maneno kwa Kiswahili, akaitikia kwa niaba yake, "Marahaba, wanangu! Mmekula?" Steringi, yule mwigizaji mkuu, hakuamkiwa hata siku moja.

Filamu yako ikifika huku, ingia na sinia lako, uwaamkie wageni. Nitakuitikia nikiwa hapahapa kwenye benchi la kibandani.

Bibi yako