Ngoma ya Baba na Tarehe Ishirini na Tatu

Shashamane,
24 Julai

Mpendwa Dada Zeritu,

Natumaini u mzima huko Kingston, pamoja na shemeji na watoto. Sisi tunaendelea. Goti linamsumbua Mama kwa mvua hizi, lakini bado anakaanga kahawa kila asubuhi na kuuliza kama umeandika.

Baba alipofariki, Ras Linval, mzee wa Marasta aliyepiga naye ngoma miaka yote, hakuja kuzika. Hilo halikutuuma, maana Marasta wengi hawakaribii maiti, na majirani wa chama cha mazishi walimsitiri vizuri. Lakini Mama alipokwenda kwao kuomba ngoma kubwa ya Baba iliyobaki huko, ile aliyoiwamba mwenyewe, Ras Linval alimjibu mbele ya watu kwamba ngoma si sufuria, arudi jikoni. Wakacheka. Mama hakula siku mbili.

Mwezi uliopita alikuja ofisini kwetu, kwenye vibali vya mji, kuomba kibali cha sherehe ya kuzaliwa kwa Mfalme wetu wa zamani wanayemwabudu, wapige ngoma na bendi ya rege barabarani. Akanitania kwamba Babiloni, ndivyo wanavyoiita serikali, imenifunga kamba shingoni na kuiita tai. Kisha akasema, andika ishirini na tatu, mdogo wangu, kama kila mwaka.

Jana askari walizima muziki kwenye wimbo wa pili, wakabeba spika na ngoma zote. Akawaonyesha kibali. Sajini akamsomea: 23 Hamle kwa kalenda yetu, yaani wiki ijayo. Leo Ras Linval amekuja kuniomba radhi. Anasema kosa ni lake, miaka arobaini hapa na bado hasomi Kiamhari wala hajui miezi yetu.

Dada, hakukosea. Alimaanisha Julai, na mimi nilijua kwamba siku hiyo kwetu ni 16 Hamle. Niliandika 23 makusudi, na mkuu wangu, Bwana Shiferaw, akatia sahihi bila kusoma. Tena fomu ya kurudishiwa ngoma ya Baba nimeijaza kwa jina la Mama.

Bwana Shiferaw ameitisha faili la kibali hicho, analitaka kesho. Naweza kufukuzwa, hata kufungwa. Lakini sijuti. Nilimtazama Ras Linval akilia nikamwambia pole, na moyoni nikatamani alie zaidi.

Mama anakwenda kituo cha polisi kuichukua ngoma leo mchana. Anasema Mungu amemlipia. Tafadhali usimwambie ni nani aliyemlipia.

Wasalimie watoto, uwabusu kwa niaba yangu.

Ni mimi mdogo wako,
Amha