Hodi kwa Mgeni Aliyetoka Kifungoni

Mjukuu wangu Rehema,

Marahaba. Huku Lushoto baridi imekaza, na babu yako bado anakohoa. Umeniuliza kama umwache jirani yako, yule aliyefungwa kwa ugaidi kisha akahamishiwa nchi hiyo unayoishi, maana hafungui mlango.

Nilipokuwa msichana tuliletewa mgeni kutoka nchi za kusini, naye alikuwa amefungwa kwao akiitwa gaidi. Mimi na mama tulipompelekea maharage tukapiga hodi, tulimkuta amegeukia ukuta, mikono kichwani, anangoja kupekuliwa. Kwa kumhurumia, kijiji kizima tukaacha kupiga hodi. Chakula tulikiweka mlangoni, tukaondoka kimya.

Sidhani hodi zetu zingemponya. Ila asubuhi moja tulipokuta bakuli la jana halijaguswa, wote tulipiga hodi, mwanangu, tena kwa sauti, lakini tulikuwa tumechelewa.

Bibi yako