Karai la Mgeni

Jumamosi, 8 Machi

Nimerudi Koboko na samaki wawili kwenye mfuko wa plastiki. Nimewapakata tangu Arua. Zawadi kwa Baba! Miaka minane sasa samaki wake, DC, anaogelea peke yake kwenye tangi la kioo dukani, kati ya cherehani na dirisha. (DC, kama mkuu wa wilaya — kwa sababu ya kitambi.) Obeti, aliyeniuzia, alisisitiza: wageni wakae kwanza kwenye karai, wiki tatu, wasije wakaingia na wadudu. Nikamweleza Baba. Akaweka mkasi chini.

"Night, mama. Wakati tunatoka Sudan, mimi nilikaa nyuma ya kamba ya karantini siku ishirini na moja. Mgeni yangu hawezi kukaa kwenye karai."

Mimi, mwenye diploma ya maabara! Nikawatia tangini kwa mkono wangu mwenyewe.

Alhamisi, 13 Machi

Vidoti vyeupe kwenye mapezi ya DC. Anajisugua kwenye mawe. Baba aliviona kabla yangu — nimekuta amefunga pazia ili wateja wasione.

Sikumwambia "nilikuambia".

Ijumaa, 14 Machi

Duka la dawa za mifugo. Nimeomba dawa ya samaki. Muuzaji akauliza, samaki wa kukaanga au wa kuchemsha? Wakacheka wote waliokuwamo. Nimetoka na chumvi ya mawe. Gramu mia na themanini kwa lita sitini, kidogo kidogo. Chupa za maji moto zinaelea tangini: joto linamharakisha mdudu atoke kwenye ngozi, chumvi inamngoja majini.

Lillian, jirani yetu muuza mboga, alichungulia. "Chumvi iko, maji moto iko. Bado nyanya tu!"

Baba hakucheka. Anaandika joto la maji ukutani, kwa chaki ya vitambaa. Kila saa.

Jumatatu, 17 Machi

Vidoti vimeisha! Baba amefungua pazia, anaimba, anataka kumwaga maji yote ya chumvi. Ikabidi niseme. Havijaisha, Baba. Vimedondoka chini, vinazaana. Hatari ndiyo leo.

Akachukua mpira wa maji, akapiga magoti, akaanza kufyonza uchafu wa chini ya tangi. Na magoti yake yale yanayomuuma!

Jumanne, 18 Machi

Mgeni mmoja amekufa. Lillian ameona aibu kwa utani wake. Ametuletea kisamaki cha kijitoni, ndani ya kopo la samli. Nilifungua mdomo — Baba alikuwa ameshaleta karai, ameliweka kwenye kona ya ndani. Akalizungushia utepe wake wa kupimia nguo. Kamba! Halafu akaburuta cherehani hadi kando yake. Mbona huko gizani, nikamuuliza, mbali na dirisha?

"Kule kwa kamba hakuna mutu alikaa na mimi."

Nimejifanya natafuta sindano.

DC hajala tangu jana. Naandika hapa hapa dukani, na Baba ananiita — DC iko juu, Night, iko nafungua mdomo, anataka kula! Furaha gani hiyo sautini. Sijui ni njaa au ni pumzi inamwishia. Naenda na chembe tatu za chakula kiganjani.